Mkono wa Tatu: Jinsi Kamera Ilivyojifunza Kumfuata Mnyama

Mwaka 1910, kwenye uwanda wa Uasin Gishu, Mmarekani aitwaye Carl Akeley alisimika kamera yake ya sinema akisubiri Wanandi wamchome simba kwa mikuki. Simba akatoka. Wanaume wakamzingira, mikuki ikaruka, mambo yakaisha. Muda wote huo Akeley alikuwa bado anahangaika kuigeuza kamera ielekee kwenye vumbi. Akakosa picha aliyovuka bahari kuifuata.

Kushindwa huko ndiko kulikozaa kamera iliyobadilisha upigaji picha za wanyama duniani, na sisi wa Isiolo tuna sababu ya kuijua habari hii. Kamera hiyo ilipelekwa kwenye mtihani mgumu huku kwetu kaskazini, katika njia inayotoka Meru, ikashuka Isiolo, ikavuka Ewaso Nyiro na kukata jangwa hadi Marsabit. Waliopita nayo walikuwa Martin na Osa Johnson, mume na mke kutoka Kansas. Filamu zao zimesemwa sana kwa ujasiri wao, lakini ufundi wao haujasemwa vya kutosha. Leo tuuchambue ufundi huo kipande kwa kipande, tuone kipi kilifanywa na chuma, kipi kilifanywa na nchi, na kipi kilifanywa na watu.

Hesabu ya mikono

Akeley hakukosa picha kwa woga wala kwa macho mabovu. Alishindwa na hesabu ya mikono. Kamera za wakati ule zilikuwa masanduku yaliyokaa juu ya tripodi. Mpini wa kwanza ulisukuma filamu, na mpiga picha aliuzungusha mara mbili kila sekunde bila kukoma. Mpini wa pili uligeuza kamera kulia na kushoto. Wa tatu uliiinua na kuiinamisha. Mipini mitatu, mikono miwili.

Kwa mwigizaji anayekaa mahali alipoambiwa, hilo halikuwa tatizo. Kamera ilitulia, na mpiga picha alihitaji mpini mmoja tu. Lakini simba hakuambiwa akae wapi. Akikata kona, mpiga picha anataka kuzungusha filamu, kugeuza kamera na kuiinamisha kwa wakati mmoja. Akiacha mpini wa filamu, picha inakatika. Akiacha ule wa kugeuza, mnyama anatoka nje ya fremu. Akijaribu yote, kamera inaruka-ruka kama gari kwenye barabara ya mawe, na mtazamaji anaona ukungu.

Akeley alikuwa mtu wa kufaa kulitatua jambo hili, maana hakuwa mpiga picha kwa asili. Alizaliwa mwaka 1864 katika jimbo la New York, na kazi yake ilikuwa kutengeneza wanyama wa maonyesho kwa ajili ya majumba ya makumbusho: anachonga umbo la mnyama, kisha analivika ngozi halisi. Kazi hiyo inamfundisha mtu kutazama jinsi msuli unavyovuta mfupa. Zaidi ya hayo alikuwa fundi wa mitambo. Mashine ya kurusha saruji ukutani kwa nguvu za hewa, ambayo wajenzi wa mahandaki wanaendelea kuitumia kwa namna mbalimbali hadi leo, ni uvumbuzi wake. Mtu wa aina hiyo kifaa kinapomshinda, huenda akakaa mezani na kuchora kingine.

Chapati ya chuma

Kamera aliyopewa hataza yake mwaka 1915 haikufanana na sanduku. Ilikuwa ya mviringo na bapa, hata wapiga picha wa Marekani wakaitania kwa jina la mkate wao wa kikaangoni. Sisi tungeiita chapati. Umbo hilo halikuwa mapambo. Kila kitu cha maana ndani yake kilihitaji duara.

Anza na kichwa cha tripodi, maana hapo ndipo mkono wa tatu ulipopatikana. Akeley aliunganisha kugeuza na kuinamisha katika mpini mmoja. Ukiusukuma upande, kamera inageuka. Ukiubana chini, pua ya kamera inapanda. Ukiupeleka mshazari, inafanya yote mawili pamoja, kama shingo ya mtu. Ndani ya kichwa aliweka gia zinazozungusha magurudumu mazito, yale ambayo mafundi wa gereji huyaita flaiwili. Mpiga picha akisogeza mpini kidogo, flaiwili inazunguka mara nyingi. Uzito wake unameza mtikisiko: ukisukuma kwa pupa inagoma, ukisukuma kwa utulivu inakubali na kuteleza. Mkono wa kulia ukabaki na filamu, wa kushoto ukamfuata mnyama. Hesabu ikatimia.

Jambo la pili lilikuwa jicho. Akeley alifunga lenzi mbili zinazolingana, moja ya kupiga picha na nyingine ya kutazamia, zikasogea pamoja. Mpiga picha aliona kile kile ambacho filamu ilikuwa inakiona, kikiwa kimekaa sawa kwenye fokasi. Tena kioo cha kutazamia kilibaki mahali pake hata kamera ilipoinuka au kuinama, kwa hiyo hakulazimika kupiga magoti ili kumfuata ndege, wala kusimama juu ya mawe ili kumfuata nyoka.

Jambo la tatu lilikuwa mwanga. Shata ya kamera nyingi za wakati ule ni kisahani kinachozunguka mbele ya filamu, nusu wazi na nusu kimezibwa. Akeley aliifanya shata iwe pete inayokimbia kando ya ukuta wa lile duara, akapata uwazi wa nyuzi 230 kati ya 360. Ukilinganisha na uwazi wa nyuzi 180, hiyo ni zaidi ya robo ya mwanga kama nyongeza. Kwa mwendo wa fremu 16 kwa sekunde, kila fremu inapata karibu sehemu moja ya ishirini na tano ya sekunde badala ya sehemu moja ya thelathini na mbili. Studio usingeona tofauti kubwa. Saa kumi na mbili na nusu asubuhi, tembo akiwa chini ya mti, hiyo ndiyo tofauti kati ya picha na giza.

La nne lilikuwa kasha la filamu, ambalo lilipachikwa kwa sekunde chache. Lilichukua futi 200. Filamu ya milimita 35 ina fremu 16 kila futi, hivyo kasha moja ni fremu 3,200, yaani dakika tatu na sekunde ishirini kwa mwendo ule. Jaribu kuliweka hilo akilini: mtu anaweza kukaa siku nzima kwenye kificho akiwa na dakika tatu tu za kutumia kabla ya kufungua kasha jingine. Anayepiga picha kwa simu leo hajui maana ya kubania fremu.

Jeshi la Marekani lilizitumia kamera hizo katika Vita vya Kwanza vya Dunia. Robert Flaherty alikwenda nazo kwenye barafu la Kanada kutengeneza Nanook of the North, iliyotoka mwaka 1922. Hollywood nayo ikazipandisha kwenye ndege kwa ajili ya Wings ya mwaka 1927. Kifaa kilichochorwa kwa sababu ya simba wa Uasin Gishu kikaishia kufuata ndege za kivita.

Isiolo kama studio

Martin Johnson alizaliwa Illinois mwaka 1884, akalelewa Kansas katika duka la baba yake, sonara aliyeuza pia vifaa vya kamera. Mwaka 1907 alipata kazi ya upishi kwenye mashua ya mwandishi Jack London, akazunguka nayo Pasifiki. Mwaka 1910 akamwoa Osa Leighty, binti wa miaka kumi na sita kutoka Chanute. Walikuwa wamekwisha kupiga filamu katika visiwa vya Pasifiki na Borneo pale Akeley alipowashawishi waje Afrika, kabla wanyama hawajaisha.

Safari yao ya kwanza ya Kenya ilikuwa 1921 hadi 1922, ikazaa filamu ya Trailing African Wild Animals. Ya pili, 1924 hadi 1927, ndiyo kubwa. Ilisaidiwa na Jumba la Makumbusho la Historia ya Asili la New York na George Eastman, mwenye kampuni ya Kodak. Kambi yao kuu ilikuwa kando ya ziwa la kreta ndani ya msitu wa Marsabit, ambalo hadi leo ramani nyingi huliita Paradise. Ili kufika huko, kila sanduku la filamu, kila chupa ya dawa na kila galoni ya petroli ilipita hapa Isiolo, mahali ambapo Martin alipaandika Isiola.

Tazama nchi hii kwa jicho la mpiga picha wa 1924. Isiolo imekaa pale miteremko ya Mlima Kenya inapoisha na tambarare kavu kuanza. Miti ni migunga yenye majani haba, kwa hiyo mwanga unafika chini. Wapo wanyama ambao mtazamaji wa New York hakuwahi kuwaona: punda milia wa Grevy mwenye mistari myembamba, twiga mwenye madoa yaliyochorwa kama wavu, choroa, na swala twiga anayesimama kwa miguu ya nyuma kufikia majani. Na kubwa kuliko yote, maji yako mahali pachache. Kiangazi kikishika, laga zikikauka, kinabaki Ewaso Nyiro, chemchemi za Buffalo Springs na visima vya kuhesabika. Mpiga picha hana haja ya kumfukuza mnyama. Anachohitaji ni kufika kwenye maji kabla yake.

Hiyo ndiyo siri ya picha nyingi zinazoonekana kama wanyama walizoea kamera. Johnson alijenga vificho vya mawe na miba karibu na maji, akaingia alfajiri na kukaa. Kanuni ya kwanza ilikuwa upepo. Kificho kikijengwa upande ambao upepo unatoka, harufu ya mtu inatangulia kwenye maji, na kazi ya siku imekwisha hata kabla jua halijapanda. Kanuni ya pili ilikuwa saa. Mchana joto linapochemka juu ya ardhi, hewa inatetemeka, na lenzi ya mbali inanasa mtetemo huo wote. Twiga anakuwa kama anayeonekana ndani ya maji. Picha nzuri ni za asubuhi na za jioni. Kanuni ya tatu wahenga walikwisha kuisema: simba mwenda pole ndiye mla nyama.

Kulikuwa na adui mmoja asiyeweza kufichwa, nayo ni sauti. Kamera ya mpini inatoa mlio wa gia. Ukiangalia filamu za wakati ule utaona mara nyingi mnyama anainua kichwa, anasimamisha masikio na kuikazia macho kamera. Mtazamaji anadhani ni udadisi. Fundi anajua kwamba ni sauti ya meno ya chuma.

Filamu yenyewe nayo ilikuwa na tabia zake. Aina ya kawaida wakati ule iliona vizuri rangi ya bluu na haikuona nyekundu kabisa. Anga letu la bluu likatoka jeupe tupu. Udongo mwekundu ukawa mweusi. Moran wa Kisamburu aliyejipaka ngeu kichwani na mabegani akatoka kama aliyepakwa masizi. Nusu ya "Afrika ya giza" iliyoonekana kwenye sinema za Ulaya na Marekani ilikuwa kazi ya kemia ya filamu. Nusu nyingine ilitokana na maandishi waliyoyabandika katikati ya picha.

Maabara msituni

Filamu iliyokwisha kupigwa ina picha ambayo haijaonekana, na joto linaiharibu kidogo kidogo. Kuisafirisha hadi Nairobi, kisha Mombasa, kisha miezi ya bahari hadi New York, ni kucheza kamari. Ndiyo maana pale ziwani Johnson alijenga maabara na kusafisha filamu zake papo hapo. Alihitaji maji safi, hivyo maji yakachujwa. Alihitaji giza, dawa zenye joto lisilopanda, na mahali pa kukausha mita nyingi za filamu pasipo na vumbi. Msitu wa Marsabit, wenye ukungu na baridi ya asubuhi, ulimpa ubaridi ambao Isiolo isingempa.

Faida haikuwa usalama wa filamu peke yake. Aliyesafisha filamu jioni aliyaona makosa yake kabla hajahama. Kama tembo ametoka mweusi mno, kesho anafungua lenzi zaidi. Kama fokasi imekosea, anarudi kwenye njia ile ile. Wengi waliokuja Afrika na kamera kabla yake waliyaona makosa yao wakiwa wamesharudi kwao.

Usiku ulikuwa na mbinu yake. Kwa picha za mnato alitumia unga wa magnesiamu uliowashwa kwa umeme wa betri kupitia waya mrefu, ama na yeye mwenyewe akiwa kifichoni, ama na mnyama aliyegusa mtego. Kwa simba kule Tanganyika waliweka nyama ya punda milia kama chambo. Hapo tayari tumeanza kuondoka kwenye kungoja na kuingia kwenye kupanga.

Mkono wa nne

Chuma na maji havitoshi. Mtu anayejenga kificho ni lazima ajue mnyama atapita wapi, lini, na katika hali gani. Johnson hakuyajua hayo. Aliyeyajua ni mfuatiliaji nyayo ambaye katika vitabu vyao wanamwita Boculy, mtu wa kaskazini aliyesoma njia za tembo kama wengine wanavyosoma gazeti. Alitazama nyasi zilizolazwa, kinyesi, na unyevu wa matope yaliyosuguliwa kwenye gome la mti, akasema ni wangapi, wamepita lini na wanakwenda wapi.

Ukifikiri kiufundi, kazi hiyo ni sehemu ya kamera. Flaiwili ya Akeley ina thamani pale tu mnyama anapokuwa mbele ya lenzi. Nani alimleta mnyama mbele ya lenzi? Kama Akeley alimpa mpiga picha mkono wa tatu, Boculy na wenzake walikuwa mkono wa nne. Vitabuni anasifiwa kwa maneno mazuri. Kwenye matangazo ya sinema, majina makubwa yalikuwa Martin Johnson na mkewe tu.

Mkasi

Kuna sehemu moja ya kazi ambayo haikufanyika porini. Mtambo wao wa hatari ulikuwa rahisi: Martin anazungusha kamera, Osa anasimama karibu na bunduki. Mnyama akisogelewa mno, anashambulia. Akishambulia, kuna picha. Akikaribia zaidi, Osa anafyatua. Mtazamaji anaona mnyama mkali aliyewavamia wageni. Kiufundi, mara nyingi ni wageni waliomvamia mnyama, na mkasi ukaondoa dakika za kumsogelea.

Ongeza hapo ujanja wa mpini. Ukizungusha polepole wakati wa kupiga, picha ikionyeshwa kwa mwendo wa kawaida kifaru anakimbia haraka kuliko kifaru wa kweli. Kila mpiga picha wa zama hizo aliujua ujanja huo, na ni wajibu wa mtazamaji kuukumbuka.

Filamu yao iliyovuma zaidi, Simba, ilitoka mwaka 1928. Ndani yake mmeunganishwa miaka, nchi na mikono tofauti. Yamo hata mapande ya wapiga picha wengine, yakatiririka kama safari moja. Kilele chake ni wanaume wenye mikuki wakimkabili simba. Mwaka 1926, kule Tanganyika, Akeley na Johnson walikodi wanaume wa mikuki wawinde simba mbele ya kamera. Yule aliyekosa picha mwaka 1910 akaipata baada ya miaka kumi na sita. Novemba mwaka huo huo akafariki kwenye mlima Mikeno, Kongo.

Johnson aliendelea. Mwaka 1932 akatoa Congorilla yenye sauti, ambamo watu wa msitu wa Ituri walifanywa kichekesho cha wageni. Mwaka 1933 yeye na Osa wakarudi na ndege mbili za Sikorsky, moja imepakwa mistari ya punda milia na nyingine madoa ya twiga, wakaruka maili kama 60,000 na kupiga Mlima Kenya kutoka juu. Januari 1937 Martin akafa katika ajali ya ndege ya abiria California. Osa aliishi hadi 1953.

Hukumu

Kama chombo, kamera ya Akeley inastahili sifa zote. Ililitatua tatizo halisi kwa akili ya fundi, na kila anayegeuza kamera kwa mpini mmoja leo anatumia wazo lile. Kama njia ya kazi, kungoja kwenye maji kulikuwa sahihi, na ndiko kulikotoa picha zao bora: zile za wanyama wanaokunywa, wanaosukumana, wasiojua kama wanatazamwa. Picha za mashambulizi, zile zilizouza tiketi, ndizo dhaifu zaidi kwa mizani ya ukweli. Kanuni inayobaki ni hii: kadiri mpiga picha alivyofanya kidogo mbele ya kamera, ndivyo filamu ilivyozeeka vizuri.

Vijana wa Isiolo wanaopiga video kando ya Ewaso Nyiro wana mfukoni chombo ambacho Akeley asingekiota. Maji yako pale pale. Upepo unavuma vile vile. Wanao pia majirani, baba na wajomba wanaosoma nyayo bila kitabu. Ninaomba jambo moja tu kwao. Video ikiisha na majina yakaanza kupanda, la aliyewaonyesha mnyama anapita wapi liandikwe kwanza, kabla ya la mwenye kamera.